Kawawa mwigizaji: tumhesabu au tumwache nje?

Ndugu zangu, kila ukizungumzwa mwanzo wa filamu zetu, wengi wanaanzia miaka ya 2000, enzi ya kanda za video. Wachache wanarudi hadi Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoundwa 1968. Mimi nasema tunaruka watu, na wa kwanza kurukwa ni Rashidi Mfaume Kawawa.

Ndiyo, huyo huyo Simba wa Vita. Mwaka 1952, akiwa mtumishi wa serikali upande wa ustawi wa jamii, alikuwa mwigizaji mkuu wa Muhogo Mchungu, filamu ya Kiswahili kuhusu mtu wa shamba anayeingia Dar es Salaam na kulaghaiwa na wajanja wa mjini. Januari 1962 akawa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Waziri Mkuu tunamjua sote. Mwigizaji tumemsahau, na leo ukitaja Muhogo Mchungu watu wanamfikiria mzee wetu Abdallah Mkumbila wa kwenye michezo ya televisheni.

Hoja ninayopambana nayo kila mara ni kwamba zile zilikuwa filamu za mkoloni: kamera yake, fedha yake, somo lake. Mwafrika aonekane mji umemshinda, arudi akalime. Hilo siwezi kulikana, na linaniuma. Lakini tazameni ngoma ya beni. Ilianza kwa kuiga bendi za jeshi la Wazungu, sare na vyeo juu, vikundi vya Marini na Arinoti vikishindana. Nani leo anathubutu kusema beni si yetu? Muziki wa dansi wenyewe tunauhesabia hapo. Somo la filamu lilikuwa la mkoloni, sawa. Kuigiza kulikuwa kwa Kawawa, kwa lugha yake, mbele ya watu wake.

Kuna anayeniuliza: basi turudi hadi Vugiri, kule Usambara, walikotengenezewa filamu za mafunzo kati ya 1935 na 1937, wenyeji wakiigiza? Turudi! Sioni hasara. Tukimfuta Kawawa kwa sababu ya mwenye kamera, tunawafuta pia wote waliocheza naye, na wao hawakupata uwaziri wa kuwakumbusha kwetu.

Anayepinga anijibu hili moja: kwa nini beni iingie kwenye historia ya muziki wetu, na Muhogo Mchungu ibaki nje ya historia ya filamu?