Chalbi: maji au mazigazi?

Swali: Mtu aliye peke yake na gari lake jangwani Chalbi, kaskazini mwa Kenya, adhuhuri, anaona ziwa mbele. Atajuaje kama ni maji kweli au mazigazi, yaani maji ya kuonekana tu?

Jibu: Achuchumae, kisha apande juu ya gari. Mazigazi hutanuka macho yakishuka, hupungua yakipanda. Hewa iliyopashwa moto na ardhi ya chumvi hupinda mwanga, ndiyo maana anga huonekana chini. Asiyafuate kamwe!

Jibu: Wakuu, naongeza. Apime mwelekeo kwa dira alfajiri, ardhi ikiwa bado baridi. Jua likifichika na alama hakuna, mtu huzunguka akidhani ananyoosha.

Jibu: Naam. Akianza kusikia anaitwa, huenda mwili umeishiwa maji. Akae kivulini, anywe, asubiri jioni. Gari asiliache, huonekana upesi kuliko mtu.