Kipande kimoja tu cha protini ndo kinamtesa mwanangu hivi?

BintiNgamiani: Habari za saizi wadau. Mwanangu wa mwaka mmoja kapimwa kaonekana ana selimundu, ule ugonjwa wa damu wa sickle cell, aina ya SS. Nesi kanielezea vizuri tu lkn kuna kitu hakinitoki kichwani, kasema protini ya damu imekosewa kipande kimoja, kimoja! sasa hicho ndo kimvimbishe mtoto vidole mpaka halali? Na mbona miezi mitano ya mwanzo alikuwa mzima kabisa ananenepa, wifi yangu anasema ni jicho, tena ati ugonjwa nimekuja nao mie kwao haupo.

Mtu_wa_Hadubini: Pole dada. Nesi kasema kweli. Himoglobini, ndo hiyo protini ya damu, ina minyororo minne, alfa miwili na beta miwili, na kila beta ina amino asidi 146, ndo hivyo vipande alivyosema nesi. Ya 6 ilitakiwa iwe glutamiki, kwa mwanao imekaa valini. Glutamiki inapenda maji, valini inayakimbia, kwa hiyo himoglobini ikishashusha oksijeni ile valini inajibandika kwa jirani, jirani naye kwa mwenzie, mwisho unapata kamba. Kamba za mkonge si unazijua? ndo hivyo, nyuzi 14 zimesokotana ndani ya chembe nyekundu, chembe inakakamaa inajipinda kama mundu, kwenye vimishipa vya vidole haipiti. Tena inakufa mapema, ya kawaida huishi siku 120 hii haifiki hata mwezi. Mie naliona kazini, tone la damu kwenye kioo, unatia dawa ya kuondoa oksijeni unaziba kingo, ukirudi kuchungulia yale maduara yamekuwa miundu. Mara ya kwanza nilisahau chai mpaka ikapoa.

MamaWawili_Makorora: Shoga mwambie wifi si jicho. Mtoto anazaliwa na himoglobini ya tumboni, ile haina beta ina gama, kosa halimo. Inapungua pole pole beta inashika zamu, ndo maana maumivu mengi huanzia kwenye miezi sita hivi. Wangu anakunywa dawa ya haidroksiyurea, inairudisha kiasi ile ya kichanga, maumivu yamepungua mno ila damu anapimwa mara kwa mara maana chembe nyeupe zinaweza kushuka. Muulize dokta, usinunue kienyeji.

Mtu_wa_Hadubini: Na hilo la kwao haupo, SS maana yake jeni mbili zenye kosa, lazima apewe na baba na mama, baba mtoto naye kabeba hata kama haumwi hata kichwa. Wenye AS, yaani waliobeba jeni moja tu, malaria kali haiwapati kirahisi ndo maana huku kwetu jeni hii imejaa tele.

BintiNgamiani: Kumbe! Ahsanteni, nimesoma mara tatu. Wifi simuwezi, naanza na mama mkwe, yeye kafanya kazi korona, kile kiwanda cha mkonge, miaka na miaka anaanika singa, zile nyuzi zake, hiyo ya kamba hatanibishia. Ya baba kubeba ntaisema akishamaliza kula.