Kanisa la Zama za Kati: vyuo vikuu na moto, vilikaaje pamoja?

MtembezaMji
Asalaam alaykum wanajamvi. Natembeza wageni Mji Mkongwe, na kanisa la Mkunazini lazima nipite nao. Habari za soko la watumwa na Askofu Steere nazijua. Lakini mgeni mmoja wa Toulouse, kusini ya Ufaransa, alinambia kwao Kanisa lilichoma Wakristo wenziwao, na papo hapo akalisifu kwa vyuo vikuu. Nikabaki kutikisa kichwa. Skuli tulipita mbio hapa: "zama za giza", kisha moja kwa moja kwa Vasco da Gama. Wenye kujua nifahamisheni.

Baharia_Malindi
Yakhe, wewe waoneshe milango tu, bakhshishi haina Papa 😂

MaalimMstaafu_Wete
Waalaykum salaam mwanangu. Nimesomesha tarikh Pemba mpaka nywele zikaniisha, na hilo jibu la "zama za giza" ni uvivu wa waandishi wa vitabu. Khasa kilichoogopwa ni mtu kufundisha bila ya ruhusa.

Mwaka 1179 Papa Alexander III aliita mtaguso, yaani mkutano mkuu wa maaskofu, Roma, kanisa la Lateran. Wakaamua kila kanisa kuu la askofu liwe na mwalimu wa kuwasomesha bure wanafunzi maskini, na marufuku kumtoza mtu pesa ili apewe ruhusa ya kusomesha. Uamuzi mzuri kabisa. Mtaguso huo huo wakaja wafuasi wa Valdo, tajiri wa Lyon aliyegawa mali yake akaanza kuhubiri mitaani, na akataka Injili ifasiriwe kwa lugha ya watu wake badala ya Kilatini. Papa akausifu ufukara wao. Ama kuhubiri, mpaka makasisi wa mahali wawaruhusu. Wao wakahubiri vivyo hivyo, na 1184 kule Verona wakahesabiwa wazushi.

Sasa mtazame Fransisko wa Assisi. Naye mtoto wa mfanyabiashara wa vitambaa, naye aliacha mali, naye alihubiri miguu mitupu. Lakini mnamo 1209 alikwenda kwa Papa Innocent III akaomba ruhusa, akapewa kwa mdomo. Alikufa 1226, na 1228 akatangazwa mtakatifu.

Sisi ijaza tunaijua: hufungui kitabu msikitini ukasomesha mpaka sheikh wako akuidhinishe. Ila kwetu masheikh ni wengi, kila mmoja na silsila yake. Kule ruhusa zote mwisho wake zilipanda kwa mtu mmoja, na wafalme wenye panga walikuwa nyuma yake.

Aliyemtangaza Fransisko alikuwa Papa Gregory IX. Huyo huyo, mwaka 1231, aliwapa walimu na wanafunzi wa Paris waraka wa kuwalinda na ubabe wa mkuu aliyekuwa akitoa ruhusa za kusomesha, na mwaka huo huo akaanza kuwatuma watawa wa Dominiko kuwasaka wazushi.

Na sisi tumo. Aristotle, mwanafalsafa wa Kigiriki, aliwafikia kwa sehemu kupitia Toledo ya Hispania, kwa tafsiri kutoka Kiarabu, kisha zikafuata sharhi za Ibn Rushd, mwanafalsafa Mwislamu wa Andalusia. Paris 1210 walikataza kusomesha vitabu vyake vya elimu ya maumbile. 1255 vikawa ni lazima! Halafu 1277 Askofu Tempier wa Paris akalaani kauli 219 za wanafalsafa, nyingine zikinasibishwa na huyo Ibn Rushd wetu.

Mkunazini_Sauti
Shikamoo Maalim. Mimi ni muumini wa hapo hapo Mkunazini. Hiyo ruhusa haitoshi kueleza mambo ya Toulouse. Wakathari, wale waliohesabiwa wazushi huko kusini ya Ufaransa, waliamini ulimwengu huu wa vitu ni kazi ya nguvu ovu; ruhusa gani ingewafaa hao? Halafu ile vita ya msalaba dhidi yao, iliyoanza 1209, ilikuwa na uchu wa ardhi, mabwana wa kaskazini wakiitaka kusini ya Ufaransa. Katika mji wa Béziers waliuawa Wakatoliki na wazushi pamoja, mpaka waliokimbilia kanisani.

MaalimMstaafu_Wete
Marahaba. La ardhi umesema kweli, Simon de Montfort, kiongozi wa vita ile, hakutoka mikono mitupu. Lakini watu wengi waliohukumiwa baadaye kwa uzushi hawakuchomwa. Walivishwa misalaba ya manjano kwenye nguo, wakapelekwa ziara za toba, wengine wakafungwa au kunyang'anywa mali. Wakaidi walikabidhiwa kwa serikali, na serikali ndiyo iliyowasha kuni, ili makasisi waseme wao hawakumwaga damu. Hoja hiyo mimi hainipiti kooni.

MtembezaMji
Ahsante sana Maalim, na wewe ndugu yangu. Hao wafuasi wa Valdo waliishia wapi?

Mkunazini_Sauti
Wapo! Walijichimbia kwenye mabonde ya Alps, upande wa Italia. Mwaka 1532 waliingia katika Uprotestanti, na leo makao yao ni mji wa Torre Pellice. Juni 2015 Papa Fransisko alikwenda kanisani kwao Turin akawaomba msamaha. Ukipata wageni wa Kitaliano wa upande huo waulize, huenda wakakuhadithia zaidi yetu.