Sachaji za ushirika: siku 30 zinaisha kesi ikiwa Mahakama Kuu, mahali pasipofaa

Wanachama wenzangu, hili lisemwe wazi. Kuna watu wanaopoteza mashamba na viinua mgongo bila kuthibitishwa kwamba walikula pesa za chama. Notisi iliandikwa ovyo, kisha ikapingwa mlango usio wake.

Nazungumzia amri ya kurejesha pesa, hii tunayoiita sachaji, chini ya kifungu cha 73 cha Sheria ya Vyama vya Ushirika, Sura ya 490 ya Sheria za Kenya. Msidhani ni ya wanakamati peke yao. Inamgusa yeyote aliyeshiriki kuendesha chama, afisa wa sasa au wa zamani, na hata mwanachama wa kawaida. Kamishna wa Maendeleo ya Ushirika akishachunguza mwenendo wako anaweza kukuamuru ulipe, pamoja na riba ya kiwango anachoona yeye ni haki.

Sasa chukueni mfano wa notisi inayosema: "Unatakiwa kurejesha Sh1,840,000 kutokana na matumizi yasiyoidhinishwa." Basi, imeisha hapo. Hakuna nambari ya vocha wala tarehe ya malipo, na haitajwi ni kikao gani kilichopaswa kuidhinisha. Utajitetea dhidi ya nini? Na ikiwa kamati ilikuwa na watu 9, wote wanabebeshwa jumla ile ile, mweka hazina aliyetia saini hundi na mjumbe ambaye hakuwahi kuishika wakitiwa kapu moja.

Chanzo cha uozo huu ni kuchanganya vifungu viwili. Uchunguzi wa kifungu cha 58 ni wa chama: vitabu vyake, uendeshaji wake, hali yake ya kifedha, na matokeo husomwa kwenye mkutano mkuu. Kifungu cha 73 kinamchunguza mtu. Anayenakili takwimu za ripoti ya kwanza na kuziita amri ya pili ameruka hatua nzima. Kutajwa jina kwenye mkutano mkuu, watu wakipiga kelele, SI kusikilizwa. Kifungu cha 47 cha Katiba na Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 zinadai upewe taarifa mapema yenye sababu, nafasi ya kujieleza, na ushahidi utakaotumiwa dhidi yako. Kifungu cha 4 cha sheria hiyo kinataka pia uarifiwe kuhusu haki yako ya rufaa pale inapohusika. Notisi isiyotaja rufaa inamwacha mzee wa watu gizani huku saa inakwenda.

Na saa yenyewe ni fupi. Kifungu cha 74 kinakupa siku 30 kukata rufaa kwenye Jopo la Vyama vya Ushirika, chombo kinachoamua migogoro ya ushirika. Jumapili na sikukuu zinahesabiwa, isipokuwa siku ya mwisho ikiangukia moja ya hizo, ndipo unasogea hadi siku ya kazi inayofuata. Kwa usalama hesabu kutoka tarehe iliyoandikwa kwenye barua, si siku uliyoipokea. Barua ya Juni 3 ikikufikia Juni 24, chukulia kwamba mwisho wako ni Julai 3. Bahasha yenye mhuri wa posta usiitupe, maana utaihitaji ukilazimika kuomba kuongezewa muda.

Hapa ndipo baadhi ya mawakili wanaponiudhi kuliko hata ofisi zinazotoa notisi. Mteja analeta sachaji, wakili anakimbilia Mahakama Kuu kuomba mapitio ya kimahakama kwa sababu Amri ya 53 ya Kanuni za Mwenendo wa Madai inampa miezi 6 kuomba ibatilishwe. Anasahau kifungu cha 9(2) cha ile Sheria ya 2015: mahakama haipitii uamuzi kabla njia za rufaa zilizowekwa kisheria hazijamalizwa. Upande wa pili unaleta pingamizi la awali, kesi inatupwa bila hoja yako moja kusikizwa, na zile siku 30 zilishaisha zamani. Gharama juu yako. Upo mlango wa dharura, kifungu cha 9(4), lakini lazima UOMBE kuruhusiwa na uonyeshe mazingira ya kipekee. Kuandika "haki zangu zimekiukwa" kwenye hati ya kiapo hakutoshi.

Kwa hiyo ukipata notisi ya sachaji, mwandikie Kamishna wiki hiyo hiyo. Dai ripoti, ratiba ya hesabu inayoonyesha sehemu yako, vocha na kumbukumbu za vikao. Nakala yako ipigwe mhuri wa kupokelewa. Lakini usingoje majibu ndipo ukate rufaa! Wasilisha rufaa na ombi la kusitisha utekelezaji siku moja, kwa kuwa amri ya sachaji huwasilishwa kwenye Jopo na kudaiwa kama deni la madai. Ushahidi wote uweke hapo hapo: hundi, kumbukumbu, barua ya kujiuzulu kama uliondoka kabla ya malipo. Kutoka Jopo kwenda Mahakama Kuu una siku 30 nyingine, lakini ni kwa hoja za kisheria tu. Vocha uliyoiacha nyumbani haitakusaidia huko.

NYONGEZA, kwa kuwa swali hili litakuja: notisi ikitoka kwa chama chenyewe, kwa mfano kufukuzwa uanachama au kudaiwa mkopo wa mwenzako uliyemdhamini, huo ni mgogoro wa kifungu cha 76 na unaanzia Jopo pia. Na wanaosema "nilipe kidogo kidogo yaishe", someni kwanza kifungu cha 28. Jina lako likibaki kwenye ripoti iliyopitishwa na mkutano mkuu kwa usimamizi mbaya ulipokuwa kwenye kamati, ujumbe wa kamati umekupita hata baada ya kulipa shilingi ya mwisho.