Ofisi ndefu ya The Apartment: Trauner aliijengaje?

mbao_laini:
Wakuu, habari za usiku. Natengeneza seti za tamthilia hapa Dar, huu mwaka wa tatu. Juzi nimeangalia filamu ya The Apartment ya 1960, na ile ofisi ya bima nimeirudia mara nne. Safu za meza zinakwenda mpaka jicho linachoka! Nasikia aliyeijenga ni Mfaransa, Alexandre Trauner, na kwamba ukumbi wenyewe haukuwa mrefu kiasi kile. Mimi nina chumba cha mita saba na mwongozaji anataka benki kubwa. Anayejua naomba anielekeze.

BiRiziki:
Ni Mfaransa wa kuhamia, mdogo wangu. Kazaliwa Budapest 1906, akaenda Paris 1929 akiwa mchoraji, kazi ya seti akajifunzia kwa Lazare Meerson, mbunifu wa seti za filamu. Ofisi hiyo ndiyo iliyompa Oscar.

fundi_wa_korido:
Kijana, umegusa mtu ninayempenda sana.

Siri ni kupunguza vipimo. Mbele aliweka meza za kawaida na watu warefu. Kadiri unavyokwenda nyuma, meza zinapungua na wanaokaa wanakuwa wafupi zaidi. Na usiangalie meza tu, tazama dari: mistari ya taa nayo inabanana kuelekea nyuma. Dari ile ndiyo inayolidanganya jicho.

Nami nilijaribu. Korido ya hospitali, mita tano, milango minne: wa kwanza futi saba, wa mwisho futi nne na nusu. Kwenye kamera ilionekana haina mwisho, nikafurahi mno. Kisha mwigizaji akatembea hadi mlango wa mwisho, kichwa kikapita juu ya fremu ya mlango. Siku nzima ya kazi ikapotea. Kwa hiyo amua mapema nani anaruhusiwa kufika nyuma, na kamera isihame pale ulipoipimia.

Ila usiishie Hollywood. Tafuta filamu alizofanya na mwongozaji Marcel Carné. Kwa Hôtel du Nord ya 1938 aliujenga studio mfereji wa Saint-Martin wa Paris, na maji yake. Kwa Le Jour se lève, 1939, alishikilia jengo liwe refu, kwa sababu yule muuaji aliyejifungia chumbani lazima aonekane yuko juu peke yake, umati uko chini. Urefu ule ni sehemu ya hadithi.

Halafu ikaja Vita vya Pili vya Dunia. Trauner alikuwa Myahudi. Alijificha kusini mwa Ufaransa na huko mafichoni akachora seti za filamu nyingine ya Carné, Les Enfants du paradis. Mbunifu mwenzake, Léon Barsacq, ndiye aliyesimamia mbele ya watu. Mtaa mzima wa maigizo wa Paris ya zamani ukasimama kwenye studio za Victorine, Nice. Filamu ilipotoka 1945, jina la Trauner likaandikwa miongoni mwa waliofanya kazi kwa siri. Kila nikiona umati ule barabarani namfikiria yeye na penseli yake, hawezi hata kwenda kupima ukuta aliouchora.

mbao_laini:
Shikamoo mzee wangu, nimekuelewa. Tatizo, benki yangu mlango uko nyuma na wateja wanaingilia huko.

fundi_wa_korido:
Marahaba. Basi uhamishie ubavuni, karibu na kamera. Nyuma weka kaunta fupi na watoto wawili waliovaa suti, wakae tu, wasisimame.