Mchapishaji anataka kununua komiki yangu jumla, nisaini au niendelee kivyangu?

mchorajiusiku
Wakuu habari za muda huu, poleni na majukumu. Naomba ushauri hasa kwa wale mnaokula kwa kuchora maana hapa kichwa kimejaa.

Mimi nachora komiki kivyangu, skripti naandika mwenyewe, penseli mwenyewe, wino mwenyewe, rangi mwenyewe, maneno kwenye viputo mwenyewe hadi kuposti. Mchana nimeajiriwa kwingine kabisa, komiki ni ya usiku na wikiendi. Kurasa naweka mtandaoni bure na kuna wasomaji wachache wananichangia kila mwezi, sio hela ya kukufanya uache kazi ila intaneti inalipika na ncha za kalamu ya tableti zikiisha nanunua.

Sasa kuna mchapishaji kanifuata inboksi, kasoma yote, anaitaka. Anatoa hela ya mkupuo, inazidi mshahara wangu wa miezi kadhaa, sio hela ya kuibeza. Shida ni mkataba. Kuna kipengele namkabidhi "haki zote za kazi hii na wahusika wake, kwa njia zote zilizopo na zitakazovumbuliwa, duniani kote na bila ukomo wa muda". Nimekisoma mpaka nimekikariri. Nikamuuliza, akasema hiyo ni lugha ya kawaida tu ya wanasheria nisiwe na wasi, ila anataka jibu kabla wiki haijaisha.

Mume wangu anasema chukua hela, utabuni mhusika mwingine. Mimi huyu mhusika nimeanza kumchora nyuma ya daftari la hesabu nikiwa shule jamani. Nisaini? Na nisiposaini, hii kazi ya kujitegemea inalipa kweli au najidanganya?

fremu6
Usisaini. USISAINI. Waliombuni Superman, Siegel na Shuster, waliuza haki zote mwaka 1938 kwa dola 130, na hizo wakagawana wawili. Mhusika katengeneza utajiri wa watu wengine, wao wakazeeka na shida mpaka 1975 ndio kampuni ikakubali kuwapa pensheni ya dola 20,000 kwa mwaka kila mmoja na kurudisha majina yao kwenye kazi, na hapo ni baada ya kelele nyingi sana kwenye vyombo vya habari.

Alafu geuza upande wa pili. Eastman na Laird 1984 walijichapia wenyewe Teenage Mutant Ninja Turtles, kama nakala 3,000 hivi, hela ya kuungaunga na mkopo wa ndugu. Haki walibaki nazo. Midoli na filamu vilipokuja ilibidi watu waje kuongea na wao.

kichwangumu
@fremu6 kila uzi wa komiki lazima mtuletee hao hao. Waliojichapia mwaka huo huo wakabaki na maboksi uvunguni mbona hamuwataji? Dada chukua hela. Komiki nyingi hazifiki popote, na wewe una mtu anakupa pesa mkononi leo. Mhusika wa daftari la hesabu halipi kodi ya nyumba.

nibu_na_wino
Kichwangumu kuna sehemu yuko sahihi, hela ya mkononi ni hela. Lakini dada yangu wewe unajiona una majibu mawili tu, ndio au hapana, wakati mkataba wa kwanza unaotumwa ni bei ya kuanzia kama ya kitu chochote. Hakuna anayekutumia rasimu nzuri kwa hiari yake.

Mjibu hivi: hakimiliki inabaki kwangu, wewe nakupa leseni ya kuchapa kitabu, lugha hii, miaka kadhaa. Kitabu kikiisha sokoni na asipochapa tena ndani ya muda mtakaokubaliana, haki zinarudi kwako, na hilo liandikwe. Hiyo hela ya mkupuo iwe malipo ya awali, mrabaha, yaani fungu lako kwa kila nakala inayouzwa, ukishaifidia unaanza kulipwa. Filamu, katuni za kutembea, gemu, midoli, vyote nje, akivitaka aje tena na mezani kuwe na hela nyingine. Na usisahau kurasa halisi kama unachora kwa karatasi, ile karatasi yenye wino ni mali yako na ni kitu tofauti na hakimiliki, andika kabisa kwamba baada ya kuskani zinarudi. Jack Kirby, mchoraji mkongwe wa komiki za Marvel, miaka ya 80 alihangaika na kampuni hiyo muda mrefu kudai michoro yake mwenyewe.

Usiogope kwamba hujasajili popote. Kwa nchi zilizo kwenye Mkataba wa Berne, ule wa kimataifa wa hakimiliki, kazi inalindwa tangu unapoichora. Ila tunza faili zenye leya (tabaka za mchoro kwenye programu) na michoro ya awali yenye tarehe, siku ya ubishi ndizo zinaongea.

Na hiyo haraka ya wiki moja siipendi hata kidogo. Mtu anayetaka komiki yako leo na wiki ijayo ataitaka.

shangazi_chapa
Swali lako la pili wamelikimbia wote. Inalipa, ila hailipi kupitia komiki peke yake. Mimi nikiangalia kinachoingia, wachangiaji wa kila mwezi ndio wanatuliza tumbo, kazi za kuchorewa watu zinaziba mapengo, na kitabu ninapokusanya oda kabla ya kuchapa ndio hela kubwa inaingia mara moja. Hapo watu wanaumizwa na posta. Wanapiga hesabu ya uchapaji wanasahau bahasha ngumu na usafirishaji, wanajikuta wanalipia wasomaji kusoma.

Piga hesabu ya ukurasa mmoja kwa masaa, sio kwa hisia. Skripti, penseli, wino, rangi, maneno, jumlisha, zidisha kwa kile unacholipwa kwa saa kazini kwako, zidisha kwa kurasa zote, ndio ulinganishe na ofa ya huyo bwana. Wengi wakifanya hivyo wanakaa kimya kidogo.

Ukijichapia, kitabu cha kubana pini kurasa zigawanyike kwa nne, faili iwe dpi 300 (nukta kwa inchi, ili mchoro usitoke na ukungu), maneno yakae mbali na ukingo maana kisu hakina huruma, na ile bluu inayong'aa kwenye skrini ukiigeuza CMYK (zile rangi nne za wino wa kuchapia) inaelekea zambarau, omba sampuli ya karatasi kwanza. Kazi ya mchana usiache bado. Na kifundo cha mkono kikianza kuuma pumzika, hicho ndio ofisi yako.

kichwangumu
Sawa hapo kwa leseni nakubali. Ila akikataa yote bado mimi ningechukua hela 😂

mchorajiusiku
Asanteni sana wote. Hesabu ya shangazi nimeifanya, ofa yake haifiki hata nusu, mume wangu kaiangalia akasema "mh". Nikamwandikia mchapishaji kama alivyosema nibu. Kajibu leo leo, na habari ya wiki haijatajwa tena. Leseni kakubali ila anataka miaka kumi, mrabaha sawa, filamu hataki kuachia na neno "wahusika" kaliacha pale pale.

nibu_na_wino
Umeona eeh. Kumi ni mingi, sema minne mkutane kwenye mitano. Filamu akikaza mpe nafasi ya kuwa wa kwanza kuulizwa, basi, sio haki yenyewe. Neno "wahusika" litoke, hapo usilegeze, likibaki hata muendelezo wa hadithi yako mwenyewe utaanza kuomba ruhusa. Kabla ya kusaini lipia mwanasheria wa hakimiliki akusomee saa moja tu. Rasimu mpya ikija ficha majina utupie hapa tuisome.