Re: Krispi yangu imegeuka supu, msaada jamani

> Habari zenu wapendwa, jana nimeoka krispi ya maepo (matunda chini, juu chenga za unga, oti na siagi), juu imekauka safi kabisa ila chini maji matupu, tumeinywa kwa vijiko. Vipimo nilifuata vyote. Nakosea wapi?

Pole dada, ila usijilaumu, mimi hiyo ilinipata mara tatu mfululizo ndo nikashtuka. Vipimo havina shida, umeitoa mapema. Tunaangalia juu, tukiona rangi ya kahawia tunazima oveni, kumbe konifulawa (ule wanga wa mahindi wa kufanya juisi iwe nzito) huko chini haijaiva, na ile haishiki mpaka juisi ya matunda ichemke kwelikweli. Kwa hiyo achana na juu, chungulia pembeni ya bakuli. Mapovu madogo yanayorukaruka haraka ni maji bado. Subiri yawe mazito, yanapasuka kivivu plop, plop, tena yatokee mpaka katikati sio kona moja tu. Kwangu inafika dakika 45 hadi 50 kwa nyuzi 180, na oveni ya feni naweka 160. Juu ikitaka kuungua kabla ya chini kuiva, lazia foili juu bila kubana, uendelee.

Halafu hakikisha na oveni yako inasoma nini, maana maelekezo mengine yanasema 350 na hiyo ni Farenhaiti, ndo hiyohiyo 180 yetu. Na oveni za nyumba za kupanga zinadanganya sana, ya kwangu ya zamani ilikuwa chini kwa nyuzi 20 nzima, nikaja kujua baada ya kuweka kipimajoto kidogo cha kuning'iniza mle ndani.

Mimi natumia matunda kilo 1 yaliyomenywa na kukatwa, sukari vijiko vikubwa 3, konifulawa kimoja, ndimu kidogo, mdalasini. Ya juu: unga wa ngano gramu 120, oti gramu 90 (zile bapa nzima, za kuiva dakika moja zinakuwa vumbi), sukari ya kahawia 100, siagi 115, chumvi kidogo. Siagi itoke kwenye friji hivyohivyo, uivuruge kwa ncha za vidole mpaka upate mabonge mabonge, mengine makubwa mengine punje, usiikande kama chapati. Ukimwaga juu ya matunda usiibonyeze!! Ukibonyeza mvuke unakosa pa kutokea na unalainisha kila kitu.

Na epo lenyewe ni lipi? Granny Smith linabaki vipande na uchachu wake unakata sukari. McIntosh linapondeka lote.

---

> usiikande kama chapati

Hahaha hapo ndo nilipokosea mimi. Swali jamani, beri za kugandishwa naziacha ziyeyuke kwanza au?

---

Usiyeyushe kaka, zikiyeyuka zinaacha juisi yote kwenye bakuli. Zichanganye zikiwa barafu hivyohivyo, konifulawa ongeza iwe vijiko 2, na muda utazidi kama dakika 10 au 15, ila usiende na saa nenda na yale mapovu aliyosema dada hapo juu. Weka na trei chini maana zikifurika sukari ikiungulia kwenye sakafu ya oveni utakwangua wiki nzima, na kama nyumba ina kengele ya moshi ndo kabisaa.

Kingine ambacho hakijasemwa, ikitoka iache ipumue dakika 20 kabla ya kuchota. Najua harufu inasumbua na watoto wamesimama na sahani, lakini ikiwa ya moto sana ile juisi bado inatiririka, inashika ikipoa kidogo. Bado itakuwa na joto la kutosha kuyeyusha aiskrimu.

Kiporo kipashe kwa oveni, maikrowevu inalegeza ya juu. Mimi natengeneza ya juu mara mbili, nusu naitia kwenye mfuko naigandisha mbichi, siku wageni wakipiga simu wako njiani nakata matunda tu.